Krešo Golik na Kimya cha Miaka 13

Wako wasanii wanaojulikana kwa wingi wa kazi zao, na wako wengine ambao hawafahamiki vema mpaka izingatiwe miaka ambayo kazi yao ilizuiliwa. Krešo Golik, mwongozaji wa senema wa Kroatia, ni mmoja wa hao wa pili. Alitoa picha yake ndefu ya kwanza katika mwaka wa 1950 na ya pili katika mwaka wa 1955. Ya tatu haikutoka mpaka mwaka wa 1968. Katikati pana miaka 13, na miaka hiyo haikutokana na uvivu, wala ugonjwa, wala ukosefu wa fikira. Ilitokana na hukumu. Mtu huyu alihukumiwa na wenziwe kwa maneno aliyoyaandika ujanani mwake, akaondolewa mahali pa mbele, akawekwa nyuma ya watu wengine. Aliporudi alitoa picha ambayo baadaye ilichaguliwa na wahakiki wa nchi yake kuwa bora kupita zote zilizopata kutengenezwa huko. Swali la kuulizwa ni hili: mtu aliyehukumiwa huwatazama vipi wanadamu wenzake anapopewa tena nafasi ya kuwatazama?

Golik alizaliwa katika mwaka wa 1922 huko Fužine, mji mdogo wa milimani uliozungukwa na misitu, njiani baina ya Zagreb na bandari ya Rijeka. Dola aliyozaliwa ndani yake ilikuwa changa. Iliundwa katika mwaka wa 1918, baada ya kuanguka kwa Austria na Hungaria, ikawaunganisha Waserbia, Wakroatia na Waslovenia chini ya mfalme mmoja. Katika mwaka wa 1929 ikapewa jina la Yugoslavia. Muungano huo haukudumu. Mwezi wa Aprili 1941 majeshi ya Ujerumani na Italia yaliivamia nchi, na chini ya ulinzi wao chama cha Ustasha kilitangaza Dola Huru ya Kroatia. Uhuru wa dola hiyo ulikuwa wa jina tu, lakini ukatili wake ulikuwa wa kweli. Ilitunga sheria za ubaguzi wa kizazi, ikawawinda Waserbia, Wayahudi na Waroma, na hata Wakroatia waliokataa kuitii. Katika kambi ya Jasenovac peke yake, majina ya wafu yaliyokusanywa mpaka leo yamezidi 83,000. Golik alikuwa kijana wa miaka 18 dola hiyo ilipoanza, na wa miaka 22 ilipoanguka mwezi wa Mei 1945. Hayo hayana budi kutajwa mapema, kwa maana bila ya kuyajua, kisa kinachofuata kitaonekana chepesi kuliko kilivyokuwa.

Baada ya vita wapiganaji wa Josip Broz Tito walishika serikali, na Yugoslavia ikaundwa upya kuwa jamhuri ya kijamaa yenye jamhuri sita ndani yake. Serikali mpya iliithamini sana senema. Katika nchi iliyobomolewa na vita, yenye watu wengi wasiojua kusoma, picha zilizokwenda na kusema zilihesabiwa kuwa ni shule, gazeti na jukwaa kwa pamoja. Katika mwaka wa 1946 shirika la Jadran Film liliundwa Zagreb, na vijana waliokuwa na hamu ya sanaa hii walijifunza kwa kuifanya, kwani walimu walikuwa wachache na vyombo vilikuwa haba. Golik alikuwa miongoni mwa vijana hao. Alianza kwa picha fupi za habari na mambo ya kweli, kazi iliyomfunza kutazama sana na kusema kidogo.

Picha yake ndefu ya kwanza, Plavi 9, maana yake "Namba 9 wa Buluu", ilitoka katika mwaka wa 1950. Wakati huo picha nyingi za Yugoslavia zilihusu vita na ujenzi wa taifa, na watu wake walisema kama wahutubiao mkutano. Golik aliwaletea watazamaji mpira wa miguu, wafanyakazi wa kiwanda cha meli, mapenzi na kicheko. Watu walijaa katika majumba ya senema kuitazama. Ilidhihirika kwamba taifa lililotoka katika msiba lilikuwa na njaa ya furaha, na kwamba kijana huyu alijua kuishibisha.

Ya pili, Djevojka i hrast, yaani "Msichana na Mwaloni", ya mwaka wa 1955, ilikuwa ya namna nyingine kabisa. Ilipigwa katika nchi kavu ya mawe iliyo nyuma ya pwani ya Dalmatia, mahali ambapo mti ukiota huhesabiwa kuwa ni neema. Maneno ndani yake ni machache. Mawe, upepo na nyuso za watu ndivyo vinavyosema. Wahakiki waliona kwamba mwongozaji aliyejua kuchekesha alijua pia kuandika utenzi kwa kamera. Basi kufikia umri wa miaka 33 Golik alikwisha kuonyesha uwezo wa aina mbili ambao ni nadra kukutana katika mtu mmoja.

Hapo ndipo mlango ulipofungwa. Yalifukuliwa maandishi aliyoyatoa gazetini wakati wa vita, alipokuwa kijana chini ya utawala wa Ustasha. Aliondolewa katika chama cha watengenezaji wa filamu na akazuiwa kuongoza picha. Hapakuwa na mahakama yenye shahidi na wakili, wala muda wa adhabu haukutajwa. Hukumu ya namna hii ina uzito wake wa peke yake: mfungwa huhesabu siku zake mpaka mwisho, lakini aliyefungiwa kazi hana siku ya kuhesabu.

Ni rahisi kumtetea Golik kwa kusema kwamba alikuwa kijana, na ni rahisi pia kumlaani kwa kusema kwamba wako vijana wa umri wake waliochagua msitu na bunduki kuliko kalamu ya watawala. Kila upande una haki yake. Waliopoteza jamaa Jasenovac hawakuwa na wajibu wa kuyaona maneno ya gazeti kuwa ni kitu kidogo, kwa sababu mauaji makubwa hutanguliwa na maneno. Kwa upande mwingine, serikali iliyomhukumu haikuwa safi katika kupima makosa: wako waliosamehewa makubwa kwa kuwa walifaa, na wako walioadhibiwa madogo kwa kuwa palikuwa na haja ya mfano. Neno lililokwisha kuandikwa halifutiki. Lakini ni kweli vile vile kwamba mtu hakuumbwa kwa neno moja tu, na maisha ya Golik baada ya siku hiyo ndiyo ushahidi wa kutazamwa.

Hakuihama nchi, wala hakuihama sanaa. Aliingia katika kazi za pili: msaidizi wa waongozaji wengine, mtu anayepanga siku ya kazi, anayewaita wachezaji, anayehakikisha kwamba kila kitu kipo mahali pake kabla mkuu hajatoa amri. Katika mwaka wa 1958 alikuwa msaidizi wa Nikola Tanhofer katika picha iitwayo H-8. Picha hiyo ilitokana na ajali ya kweli iliyotokea katika barabara kuu baina ya Zagreb na Belgrade. Dereva mmoja alipita gari jingine bila ya uangalifu, akasababisha basi na lori kugongana, kisha akakimbia. Kilichoonekana katika namba ya gari lake ni herufi H na tarakimu 8 tu. Mtazamaji huambiwa tangu mwanzo kwamba ajali itatokea, kisha hutazama abiria wakizungumza, wakibadilishana viti na kupanga mambo ya kesho. Sifa ya picha hiyo ni ya Tanhofer, na haifai kumnyang'anya. Lakini ni jambo la kutafakari kwamba mtu aliyekuwa akilipa deni la zamani alifanya kazi katika kisa cha mkosaji ambaye hakujulikana na hakulipa kitu.

Muda ulivyokwenda kamba ililegezwa. Golik aliruhusiwa kurudia picha fupi, na katika mwaka wa 1966 akatoa moja ya robo saa hivi ambayo mpaka leo hufundishwa: Od 3 do 22, yaani tangu saa tisa ya usiku mpaka saa nne ya usiku unaofuata. Humo anaonekana mwanamke mmoja, mfanyakazi wa kiwanda cha nguo mjini Zagreb. Anaamka ilhali dunia imelala, anashughulikia maji, moto na mtoto, anakwenda kazini, anasimama mbele ya mitambo yenye kelele, anarudi nyumbani, na nyumbani anaianza kazi ya pili mpaka usingizi umshinde. Hakuna sauti ya msimulizi. Hakuna anayemhurumia kwa maneno, wala anayemtukuza kuwa shujaa wa ujamaa. Saa inakwenda tu, na mwanamke anakwenda nayo.

Serikali ilikuwa ikisema kwamba imemkomboa mwanamke kwa kumpa kazi kiwandani. Golik hakuikanusha kauli hiyo. Aliionyesha tu siku nzima ya mwanamke mwenyewe, akamwachia mtazamaji kufanya hesabu. Hapa ndipo njia yake mpya inapoonekana waziwazi. Mtu aliyejua maana ya kusemewa na wengine kwamba wewe ni fulani na umetenda kadha, alikataa kuwasemea watu walio mbele ya kamera yake. Aliwaacha watende.

Katika mwaka wa 1968 alipewa tena picha ndefu. Imam dvije mame i dva tate, "Nina Mama Wawili na Baba Wawili", ni hadithi ya familia iliyovunjika na kuungwa upya: wazazi wameachana, kila mmoja ameoa au kuolewa tena, na watoto wanakwenda huku na huku baina ya nyumba mbili. Kisa kinasimuliwa na mtoto wa kiume. Mwandishi mwingine angetafuta nani mwenye kosa katika talaka hiyo. Mtoto hatafuti. Anasema aliyoyaona na aliyoyasikia, na kwa kuwa hajui kipi ni cha kufichwa, anayasema yote. Watu wazima wanaonekana katika udhaifu wao wote, lakini hawadharauliki, maana anayewatazama anawapenda.

Jicho hilo la mtoto lilimfaa Golik, akalirudia miaka miwili baadaye. Ili kuupima ujasiri wa chaguo lake ni lazima kukumbuka kilichokuwa kikitukuzwa siku hizo. Katika mwaka wa 1969 ilitoka Bitka na Neretvi, "Vita vya Neretva", picha ya Veljko Bulajić yenye maelfu ya askari, madaraja yanayolipuliwa, na wachezaji mashuhuri wa kimataifa kama Yul Brynner na Orson Welles. Taifa lilikuwa likijitazama katika kioo kikubwa na kujiona shujaa. Mwaka mmoja baadaye, katika 1970, Golik akaleta kioo kidogo cha mfukoni: Tko pjeva zlo ne misli, maana yake "Aimbaye hawazi mabaya".

Kisa chake kilitokana na hadithi ya Vjekoslav Majer, iliyoandikwa kwa mfano wa daftari la kumbukumbu la mtoto aitwaye Perica. Mahali ni Zagreb, na mwaka ni 1935. Baba, Franjo Šafranek, anayechezwa na Franjo Majetić, ni mtu wa kawaida anayependa divai na nyimbo. Mama, Ana, anayechezwa na Mirjana Bohanec, ni mzuri na amechoshwa kidogo na maisha yasiyobadilika. Siku moja ya mapumziko wanakwenda kutembea Samobor, na huko wanakutana na Bwana Fulir, mtanashati wa maneno matamu, anayechezwa na Relja Bašić. Fulir anamtamani mama. Baba, kwa upole wake au kwa ujinga wake, anamkaribisha nyumbani akidhani kwamba atamfaa shangazi Mina, mwanamke mwema ambaye hajaolewa. Perica anaandika yote katika daftari lake bila ya kujua kwamba anaandika juu ya wivu, tamaa na hatari. Mambo yanakwenda mpaka ukingoni mwa aibu, kisha yanarudi: Fulir anajikuta amemwoa shangazi, na nyumba ya Šafranek inabaki imesimama.

Kila mtu ndani ya picha hii ana kosa lake. Baba hulewa, mama huyumba, mgeni hudanganya, shangazi hujidanganya mwenyewe. Pangekuwa na hakimu, wote wangehukumiwa. Lakini hakimu hayupo. Yupo mtoto mwenye kalamu, na nyimbo za mjini za zamani ambazo wote huziimba, mkosaji na mkosewa, wakiwa mezani pamoja. Kicheko cha Golik hakiwasamehi watu kwa sababu hakuyaona makosa yao. Kinawasamehe baada ya kuyaona.

Wako waliosema, na wanaweza kusema bado, kwamba picha hii ni tamu mno. Yeyote anayeijua tarehe anatambua kwamba miaka sita tu baada ya kiangazi hicho cha nyimbo, katika mji huo huo wa Zagreb, majirani waliwashitaki majirani na watu wakatiwa katika magari ya moshi kwenda kambini. Hayo hayaonekani katika picha. Je, mtu aliyewahi kuandika chini ya utawala huo ana haki ya kuuonyesha mji wake ukiwa bado hauna hatia? Hoja hiyo ina nguvu, na hakuna jibu litakaloimaliza. Hata hivyo linaweza kusemwa jambo moja. Picha za vita za siku zile ziliwagawa watu katika makundi mawili, mashujaa na wasaliti, na mtazamaji alijiweka upande wa mashujaa bila ya taabu. Golik alimwonyesha mtu wa kawaida kabla hajaingia katika kundi lolote: mwema, mlegevu, mpenda raha, rahisi kudanganyika. Mtu wa namna hiyo ndiye historia ilimkuta mlangoni katika mwaka wa 1941. Anayetaka kujua mabaya makubwa yalipitaje katika mji huo, hana budi kuwajua pia hao waliokuwa wakiimba.

Upendo wake kwa watu wadogo ulionekana tena katika televisheni. Katika mwaka wa 1975 aliongoza Gruntovčani, mfululizo ulioandikwa na Mladen Kerstner juu ya wanakijiji wa Podravina, kaskazini mwa Kroatia. Mtu wake mkuu ni Dudek, anayechezwa na Martin Sagner: mkulima mnyofu anayemwamini kila mtu na ambaye kila mtu humtumia. Wanakijiji wanapozua hila, hila huharibika, na lawama humwangukia Dudek. Mkewe, Regica, humkemea kwa kuwa anampenda. Nchi nzima ilicheka, na wengi walijiona.

Ufanisi huo una somo kwa wanaoshughulika na lugha. Lahaja za Kikroatia huitwa kwa neno ambalo kila moja hulitumia kuulizia "nini": wako wasemao što, wasemao kaj, na wasemao ča. Lugha sanifu ilijengwa juu ya ile ya kwanza. Wanakijiji wa Gruntovčani wanasema Kikajkavi cha Podravina, lahaja ambayo hata Wakroatia wengine walipata taabu kuifuata. Kwa kawaida lahaja kama hiyo iliingizwa katika senema ili mshamba achekwe. Golik na Kerstner waliifanya kuwa lugha ya hadithi yenyewe, yenye werevu wake, uchungu wake na mizani yake. Vivyo hivyo katika nyumba ya Šafranek watu husema kwa matamshi ya Zagreb ya zamani. Mtu akinyang'anywa lugha yake ya nyumbani huwa kikaragosi. Akirudishiwa huwa mtu kamili. Kwa hiyo uaminifu wa Golik kwa lahaja haukuwa pambo, bali sehemu ya uadilifu wake kwa wanadamu.

Kazi zake nyingine ziliendelea katika njia hiyo hiyo. Živjeti od ljubavi, "Kuishi kwa Mapenzi", ya mwaka wa 1973, na Ljubica ya mwaka wa 1978, zote zinatazama maisha ya wanawake wanaobeba mzigo ambao wengine wameuweka chini. Picha yake ndefu ya mwisho, Vila Orhideja, ilitoka katika mwaka wa 1988. Alifundisha pia, na waongozaji wa kizazi kilichofuata walipata kwake mfano wa fundi asiyepiga kelele. Alifariki dunia Zagreb katika mwaka wa 1996, akiwa ameiona Yugoslavia ikivunjika na vita vingine vikipita katika nchi aliyoichekesha.

Katika mwaka wa 1999 wahakiki wa Kroatia walipoulizwa ni filamu gani iliyo bora katika historia ya nchi yao, waliichagua Tko pjeva zlo ne misli. Ulipofanywa uchaguzi mwingine kama huo katika mwaka wa 2020, nafasi ya kwanza ilichukuliwa na H-8. Hivyo mtu mmoja ana sehemu katika kazi mbili zilizopewa taji: moja aliiongoza, na nyingine aliisaidia wakati jina lake halikuruhusiwa kukaa mbele.

Pasiwe na mtu wa kusema kwamba adhabu ilimfaa. Miaka 13 baina ya umri wa 33 na 46 ni miaka ya nguvu za mwongozaji, na picha ambazo hazikutengenezwa katika muda huo hakuna wa kuzirudisha. Hasara hiyo ni yake na ya taifa lake. Lakini katika kuyapima maisha, si haki kutazama mtu alitendewa nini tu. Hutazamwa pia alitenda nini na alilotendewa. Aliyehukumiwa angeweza kurudi akiwa mwenye kuhukumu, na angepata wa kumpigia makofi. Golik alirudi akamkabidhi mtoto kalamu, akamwamuru aandike kila kitu na asimhukumu mtu.